Dole Gumba la Mama Mkwe

Pu!

Mlio ulitoka sebuleni, mkavu, mzito, kama karani anayegonga muhuri. Mama mtoto akafumbua macho. Mumewe alikuwa safarini na lori. Ndani walikuwamo yeye, kichanga chake, na mama mkwe katika chumba cha pili. Pu! Ikafuata harufu ya wino mbichi, na hapo akaikumbuka tarehe. Muda wa kukata rufaa ulikuwa umeisha jioni ile.

Mwiba wa kujichoma hauna pole. Mama mkwe alikuwa ameamua kumpa mwanawe nyumba angali hai, ili siku akifumba macho ndugu wasije wakamtupa mjukuu wake barabarani. Hati ya zawadi ikaandikwa, ikabaki alama ya dole gumba lake tu. Lakini siku ya kuiweka alikuwa amelala, macho yamefungwa bandeji baada ya upasuaji, na ofisi ya ardhi inakaribia kufungwa, na mkwe wake, mama mtoto, ndiye aliyefika kidato cha nne, "msomi wetu," mama mkwe alivyomsifu kwa majirani. Basi msomi akachovya dole lake mwenyewe. Dole ni dole, nani atajua?

Msajili alijua. Alililinganisha na alama ya zamani kwenye jalada, akakataa kuisajili hati. Barua ikaja: asiyeridhika akate rufaa ndani ya mwezi mmoja, la sivyo hati imekufa, na mwenye nyumba afike mwenyewe. Afike, aulizwe dole hili la nani! Mama mtoto akaisokomeza barua chini ya godoro.

"Vipi hati yetu, msomi wetu?"

"Bado wanaishughulikia, mama."

Bado, bado, mpaka mwezi ukayeyuka.

Tangu usiku ule wa mlio, kila kulipokucha ukuta ulikuwa na alama za dole gumba, za zambarau, mbichi, naye akazisugua kwa sabuni kabla mama mkwe hajaamka, zikarudi, akazisugua tena hadi rangi ya ukuta ikabanduka, zikahamia mlangoni, zikahamia kwenye shuka, na asubuhi moja alipomfunua mtoto aliyelia usiku kucha bila homa wala jino, akaikuta moja katikati ya paji la uso wake, na mistari ya alama ile ilikuwa ya dole lake yeye mama.

Mama mkwe, asiyejua lolote ila kilio cha mjukuu, akamwita mganga. Mganga alinusa hewa, akamvuta mama mtoto uani.

"Binti, huyu jini hatoki kwa ubani. Anakula aibu, na humu mmemnenepesha. Mwambie mwenye nyumba ukweli, mchana kweupe, mkitazamana. Gizani usimwambie mtu."

"Nitaanzaje kumtazama, baba?"

"Kama ulivyoanza kumdanganya."

Alikusudia kusema wakipepeta mchele, akashindwa. Alikusudia wakianua nguo, mama mkwe akamwambia, "Kula, mwanangu, unakonda," akashindwa zaidi. Giza likaingia. Usiku mlango ukafunguliwa polepole, mama mkwe akaja akakaa ukingoni mwa kitanda.

"Hulali, msomi wetu?"

Mkono ulienda kwenye swichi, ukarudi. Heri giza, asiuone uso wangu. Akayamwaga yote bila kupumua, dole, barua, rufaa, nyumba imeponyoka, nisamehe mama, nisamehe, nilikuona umelala nikakuhurumia, hapana, nilitaka kuonekana najua.

"Nyamaza, mwanangu. Aibu ya ndani haitoki nje. Niahidi hutamwambia mwingine."

Dole gumba likamfuta machozi. Lilikuwa la baridi, na bichi, na lilinuka wino.

Ng'ambo ya ukuta mama mkwe akakohoa, kile kikohozi chake cha usingizini, akaita, "We mama mtoto, unaongea na nani huko?"

Mdomo wa mama mtoto ukafunguka. Ukelele mmoja tu, na mama mkwe angekuja, angewasha taa, angeliona hili lililoketi hapa. Kisha angeuliza limefuata nini, na yeye angetakiwa kuyasema yote tena, safari hii akitazamwa. Kitandani mtoto akashusha pumzi. Dole likaondoka shavuni mwa mama, likapapasa gizani kuelekea kwenye paji lile dogo, likangoja.

"Nambembeleza mtoto tu, mama! Lala!"

Kisha akainama, akanong'ona kwa aliyekaa naye: "Naahidi. Sitamwambia mwingine."