Mdhamini si Mwenye Boti

Hafsa alikuwa akipepeta mpunga uani, lakini macho yake yalikuwa bandarini. Kijiji chao cha Mikokoni kimezungukwa na mito ya delta ya Rufiji. Barabara hakuna. Ukitaka kutoka, unapanda chombo. Hafsa alikuwa na mimba ya miezi saba, na chombo alichokitafuta kwa macho ni kimoja tu: boti ya wakfu. Haikuwepo.

"Imekwenda Mafia tena," alisema Zaidi, mumewe. "Imebeba boriti."

Boti hiyo ilinunuliwa na marehemu Akbarali, mfanyabiashara wa mpunga wa Ikwiriri. Aliiweka wakfu kwa ajili ya wagonjwa wa Mikokoni. Mgonjwa apelekwe bure hadi Nyamisati, na kutoka hapo apande gari kwenda hospitali ya Mchukwi. Wakachaguliwa wadhamini watatu waitunze. Bodi yao ikasajiliwa, na Mzee Mwinyimvua akawa mwenyekiti.

Mwanzoni alifanya kazi vizuri, hilo tusimnyime. Kisha akaanza kupakia boriti za mikoko kwenda kuuza. Leo mzigo, kesho mzigo. Mwishowe akawa anasema "boti yangu" bila hata kukohoa.

Masika iliyopita Hafsa alishikwa na uchungu wa kuzaa. Boti ilikuwa safarini na boriti. Zaidi alimpakia kwenye mtumbwi, akapiga kasia mpaka viganja vikachubuka. Walifika wamechelewa. Mtoto hakuishi. Inauma kulisema, lakini ndivyo ilivyokuwa.

"Safari hii sikubali," alisema Hafsa. "Mzee Mwinyimvua aondolewe."

Bi Warda, mama mkwe wake, aliacha kuchambua mboga.

"Usiseme hivyo, mwanangu. Mali ya wakfu haiguswi. Marehemu alimkabidhi mbele ya watu, Fatiha ikasomwa. Ukimgusa mdhamini umegusa wakfu. Unataka laana iingie humu ndani?"

Si Bi Warda peke yake. Kijiji kizima kiliamini hivyo. Watu walinung'unika majumbani, kisha wakakutana na Mzee Mwinyimvua njiani na kumpa shikamoo ndefu.

Siku ya kliniki, Hafsa aliomba nafasi kwenye chombo cha wachuuzi wa samaki, akafika Mchukwi. Pale kwenye mabenchi alimkuta Bi Mwanahalima, msaidizi wa kisheria kutoka Kibiti, akizungumza na kina mama kuhusu haki zao. Hafsa alingoja amalize, akamweleza yote.

"Mwenye boti ni nani?" aliuliza Bi Mwanahalima.

"Mzee Mwinyimvua."

"Hapana. Fikiri tena."

"Basi marehemu Akbarali."

"Naye alikwisha kuitoa. Sasa boti ni ya kazi aliyoiwekea, yaani kubeba wagonjwa. Mdhamini ni mtunzaji tu. Ukisafiri ukamwachia jirani mbuzi wako, akimlisha utamshukuru. Akimchinja je?"

Hafsa alicheka kidogo. "Lakini bibi, mali ya wakfu haiguswi."

"Kweli haiguswi. Sasa niambie, aliyeigusa ni nani? Si huyo anayepakia boriti?"

Hafsa hakuwahi kuliona jambo hilo kwa upande huo.

"Sheria inawaangalia wadhamini," aliendelea Bi Mwanahalima. "Bodi yenu imesajiliwa RITA, ofisi ya serikali. Haikusajiliwa bila katiba. Katiba ndiyo inayosema mali ni ya kazi gani, na mdhamini anaondolewaje. Ombeni nakala muisome. Mtakeni mzee atoe maelezo. Asiporidhisha, itisheni mkutano kama katiba inavyotaka. Na mpeni nafasi ya kujitetea, maana hata mkosaji ana haki ya kusikilizwa. Mkimwondoa, pelekeni taarifa RITA mabadiliko yasajiliwe. Akigoma kabisa, mahakama ipo."

"Na tukimnyang'anya ufunguo tu?"

"Hapo wakosaji mtakuwa ninyi."

Nakala ilipatikana. Katiba ilisema wanakijiji, wakikutana, wanaweza kumwondoa mdhamini anayetumia boti kinyume na lengo, baada ya kumsikiliza. Abubakary, mmoja wa wale wadhamini wengine wawili, akaitisha mkutano. Darasa la shule lilijaa mpaka watu wakasimama madirishani. Bi Mwanahalima naye alikuja, akakaa nyuma.

Mzee Mwinyimvua alianza kwa kujiamini. "Mashine inakunywa mafuta. Ninyi hamchangii. Boriti ndizo zinazonunua mafuta. Kosa langu nini?"

Wengine waliitikia kwa kichwa. Hafsa alisimama, mkono tumboni.

"Babu, mafuta ya boriti yamempeleka mgonjwa gani tangu masika?"

Mzee alianza kuhesabu kwa vidole, kisha akaukunja mkono.

"Mimi ndiye niliyekabidhiwa," alisema mwishowe. "Fatiha ilisomwa. Anayenigusa ataona."

Watu wakaanza kutazamana kwa woga. Ndipo Bi Warda aliposimama, yule yule aliyeogopa laana.

"Siku hiyo nilikuwepo," alisema. "Dua ile waliombewa wagonjwa. Hazikuombewa boriti. Mimi nimezika mjukuu, Mwinyimvua. Laana gani tena nitakayoiogopa?"

Abubakary aliuliza ni akina nani wanataka mwenyekiti aondolewe. Mikono ikapanda darasa zima na madirishani. Hemedy, fundi wa mashine, akachaguliwa kuwa mdhamini mpya.

Mzee aligoma kutoa ufunguo. "Nendeni mahakamani," alisema. Hakuna aliyemgusa. Walipeleka muhtasari wa mkutano RITA, na ofisi hiyo ikamwandikia mzee barua ajieleze. Akafunga safari hadi Kibiti kumwona wakili wake mwenyewe. Wakili akamwambia yale yale ya Bi Mwanahalima, tena kwa malipo. Alirudi mpole, akamkabidhi Abubakary ufunguo mbele ya mashahidi. Mabadiliko yakasajiliwa.

Kuanzia hapo boti haikubeba tena boriti. Ilikubaliwa kila nyumba ichangie mafuta baada ya mavuno, na wadhamini wasome taarifa yao mbele ya watu.

Uchungu ulimshika Hafsa asubuhi, maji yakiwa yamejaa. Safari hii boti ilikuwepo. Hemedy aliwasha mashine kabla Zaidi hajamaliza kufunga mzigo. Jua lilipofika kichwani Hafsa alikuwa kitandani Mchukwi, na alasiri akajifungua binti mwenye sauti ya kuamsha wodi. Zaidi alilia mbele ya wauguzi na hakuona haya.

Siku waliporudi, bandari ilijaa watu. Vigelegele vilisikika tangu boti iko mbali. Bi Warda aliingia majini na kanga zake, akampokea mjukuu.

Mara mtu akaja mbio kutoka upande wa visimani. Mtoto wa Abubakary alikuwa na homa kali na degedege. Vigelegele vikakatika. Hafsa akashuka haraka, akaacha mto wake wa kuegemea pale alipokuwa amekaa. Mtoto akalazwa juu yake, na Hemedy akaigeuza boti kuelekea Nyamisati, mashine haijazimwa.