Kimya cha Chumbani kwa Mama

Kimya kile kilikuwa kinapumua.

Mhariri alivaa tena hedifoni, akakirudia. Ilikuwa adhuhuri, na filamu yao juu ya mji uliobomolewa na vita, ambao sasa ulikuwa ukijengwa upya, ilibakiza siku mbili kukamilika. Katika kila chumba walichopiga picha, fundi sauti alikuwa na desturi ya kuwatoa watu nje na kurekodi dakika moja ya kimya, kiwekwe chini ya maneno. Hiki kilitoka chumbani kwa mama yake mhariri, aliyerejea kwake jana baada ya miaka sita ya ukimbizi.

"Shemeji, sikiliza."

Fundi sauti, mume wa dada yake, alitabasamu. "Labda ni tumbo langu. Siku ile sikula."

"Tumbo lako linajua jina langu?"

Tabasamu likamkauka mdomoni.

Chumba kikaanza kunuka chokaa mbichi na nywele zilizoungua. Na ile pumzi, iliyokuwa masikioni mwake, sasa ikatokea nyuma ya kiti, taratibu, ya moto shingoni, kama ya mtu aliyepanda ngazi nyingi akimtafuta mwenye nyumba, na kila alipotaka kugeuka ikamtangulia upande ule ule, hata akaipapasa kibodi, akakifuta kimya chote, pamoja na nakala ya akiba.

Harufu ikakatika.

"Imeondoka," alinong'ona.

Shemeji yake alikuwa ameketi sakafuni. "Umefuta?"

"Nimefuta."

"Mama alimwita mganga kabla hajahamia. Hakutaka ujue. Mganga aliliamuru jini lililokuwa chumbani litoke, likaomba pa kukaa, naye akaliingiza katika kimya nilichokuwa nikirekodi. Akanionya nikitunze, maana likivunjiwa makao litarudi lilikotoka. Nikaona ni porojo za mzee."

"Na hukuniambia."

"Nilichelea utanicheka."

Mhariri alikuwa ameshampigia mama. Mama alipokea upesi, sauti yake shwari.

"Mama, toka nje. Sasa hivi."

"Kwa nini, mwanangu? Hapa pametulia. Waashi wako hapo dirishani, nawaona wanavyopiga nyundo, lakini sisikii chochote. Ila huyu anayepumua."