Chungwa la Mpita Njia

Mkono-mia ulishuka juu ya mchungwa polepole, kama kuku anayeatamia mayai, na mti wote ukapotea tumboni mwake. Kutoka ndani ikasikika milio midogo ya kukwanyua, mingi kwa pamoja, kama mvua inapoanza kugonga bati. Kisha mashine ikajiinua. Majani yalikuwa palepale. Hakuna hata tawi moja lililovunjika. Machungwa yalikuwa tayari yanateremka kwenye mfereji wa kitambaa kuelekea ghalani, yakiwa yamepimwa utamu na kupangwa kwa ukubwa, kila moja na mnunuzi wake.

"Kila chungwa mnaloliona lina mwenyewe," alisema Kibwana Shemhilu, mwongoza wageni, akiwa amesimama mbele, ndani ya kigari-kioo kilichowabeba. "Lingine ni la mtu aliyeko Muscat, lingine ni la mtu aliyeko kwenye kituo cha mwezini. Linanunuliwa likiwa bado ua."

"Na sisi tuliofunga safari mpaka hapa?" akauliza Mama Ngailo, mama mnene mwenye kitenge cha njano aliyeketi kiti cha nyuma. "La kwetu liko wapi, baba?"

Kibwana akacheka kicheko cha kazini. Akawagawia vikopo vya baridi. "Hiki ni kinywaji cha ukarimu. Maji yenye ladha ya chungwa."

Mama Ngailo akanusa kikopo chake, akakitazama, akanusa tena. "Kwa hiyo nimetoka Njombe kuja Muheza kunywa harufu."

Wageni wakaangua kicheko. Yudita Semboja hakucheka. Alikuwa amebandika uso kwenye kioo, shingo imepinda, akijaribu kuona upande wa pili wa ule mti. Hakuona kitu. Kigari kilikuwa kimekwisha kusogea.

Yudita alikuwa mshonaji. Karakana yao kule Dodoma ilishona mavazi ya mafundi wanaofanya kazi angani, na kwa miezi mingi alikuwa ameomba likizo ya siku moja tu, apande treni ya sumaku, aje Shamba la Kwendimu, aangalie jambo moja, arudi. Baba yake ndiye aliyemtuma. Mzee Hezroni hakuweza tena kusafiri, miguu ilikuwa imekataa, lakini kila jioni baada ya sala swali lake lilikuwa lilelile: "Mwanangu, hivi ile mashine inaacha?"

Zamani, kabla ya mikono-mia, Mzee Hezroni alikuwa mchumaji katika shamba hilihili. Wachumaji wa Kwendimu walikuwa na desturi yao. Kila mti uliochumwa uliachiwa chungwa moja, kwenye tawi linalotazama njia ya miguu, mahali ambapo mkono wa mtu unafika. Hilo lilikuwa la mpita njia. Mchumaji alimaliza mti, akarudisha mkono, akaligusa lile moja kama anayeliaga, akamwombea kimoyomoyo mtu asiyemjua: Mungu amfikishe. Mpita njia naye alilila palepale, hakulitia mfukoni, akasema: Mungu amzidishie mwenye mti. Basi. Hakuna aliyemlinda mwenzake, na hakuna aliyechuma mawili.

Kisha wakaja watu wa kampuni na glavu za kumbukumbu, zinazosoma kila msuli wa kidole. Walimchagua Hezroni kwa sababu machungwa yake hayakuwahi kuchubuka. Misimu mitatu alichuma akiwa amezivaa, na mashine ikajifunza kutoka kwenye mikono yake. Wachumaji wenzake walipoondolewa kazini, hawakumlaumu mwenye kampuni, kwani hawakumjua hata kwa sura. Walimlaumu yeye. "Umeiuza mikono yetu," walimwambia, na mlango wa nyumba yake ukakosa wa kuubisha. Akahama. Kilichomtuliza moyo miaka yote hiyo ni kitu kimoja. Alipokuwa amevaa zile glavu hakuacha desturi hata kwa mti mmoja. Alisema moyoni kwamba kama watu wa Kwendimu wamepoteza kazi, angalau mpita njia hatapoteza chungwa lake.

"Samahani, kaka," Yudita akasema. "Hii mashine ikimaliza mti, inaacha chochote?"

"Shamba letu haliachi hata moja, mama," Kibwana akajibu kwa fahari. "Hatupotezi tunda."

Yudita akageuka kutoka kwenye kioo. "Una hakika? Upande ule wa njia ya zamani?"

"Nina hakika."

"Naomba tuzunguke huko nikaone."

"Kigari kina njia yake, mama. Hakizunguki."

"Basi nishushe nitembee."

"Haturuhusu. Mashine ziko kazini."

"Si umesema mwenyewe tulipopanda kwamba haziwezi kumgusa mtu?"

"Nimesema zikimwona mtu zinasimama. Na zikisimama, ninayeulizwa ni mimi." Kibwana akatabasamu tena, akageukia wengine. "Sasa mkitazama kushoto mtaona kisima chetu cha ukungu..."

Hivyo ndivyo asubuhi ilivyokwenda. Wakaonyeshwa kisima cha ukungu, wakaonyeshwa nyuki wa bati wanaobeba chavua, wakaonyeshwa filamu ya nyuki wa bati hao hao waliokuwa wanapita nje ya kioo. Kila Yudita alipouliza, alijibiwa jambo jingine. Alijikuta ameukunja kwa ngumi upindo wa gauni lake. Ee Bwana, akaomba, sikuja kutafuta makuu. Nionyeshe tu tawi moja.

"Dada, tulia," Mama Ngailo akamnong'oneza. "Unatafuta nini huko nje? Umedondosha pete?"

"Natafuta chungwa."

"Hee! Sote tunatafuta chungwa. Hapa ndipo mahali pekee duniani ambapo halipatikani."

Adhuhuri ilipoingia, kigari kilisimama chenyewe, kama sheria ya vyombo vya abiria ilivyotaka wakati wa swala, karibu na kibanda kidogo cha kuswalia. Milango ikafunguka. "Nawaomba mbaki kwenye viti," Kibwana akasema huku akivua viatu. "Sitakawia."

Yudita alimsubiri mpaka aliposimama kuelekea kibla. Kisha akashuka.

"Haya, na mimi miguu imekufa ganzi," akasema Mama Ngailo, akamfuata.

Walikatiza chini ya michungwa, wakatokea kwenye njia ya miguu ya zamani, nyembamba, imeanza kuota majani. Mbele yao mkono-mia ulikuwa umeshuka juu ya mti. Ukaacha kukwanyua. Ukajiinua. Kisha, badala ya kwenda, ukarudisha mkono mmoja nyuma. Kidole cha chuma kilichovikwa mpira kikaligusa chungwa lililobaki kwenye tawi la njiani, kikatulia kidogo, kikaliacha. Ndipo mashine ikahamia mti uliofuata.

Yudita akasogea hatua moja. Aliujua mguso ule. Ndivyo baba yake alivyomgusa shavuni kila asubuhi alipokuwa anakwenda shule.

"Inaacha," akasema hatimaye, machozi yakimlenga. "Asante Mungu wangu. Inaacha!"

Alianza kulifuata lile chungwa. Hakuwa amelifikia. Kutoka nyuma ya shina kikatokea kimashine kifupi chenye magurudumu na shingo ndefu, kikainua shingo yake, kikalikata lile chungwa, kikaliweka tumboni, kikaendelea na safari yake.

Yudita akabaki na mkono hewani.

"Hicho nacho ni nini?" Mama Ngailo akauliza.

Yudita alikuwa anakimbia. Mkono-mia ulikuwa umemaliza mti wa pili, umeligusa chungwa lake, umeliacha, na kile kimashine kilikuwa kinakuja. Yudita akawahi. Akasimama mbele ya tawi, akakigeuzia kimashine mgongo na kulifumbata chungwa bila kulichuma. Kimashine kikasimama na kuanza kulia kwa mlio mwembamba, wa kukera kama mbu. Mkono-mia nao ukasimama. Safu nzima ikanyamaza.

Kibwana alikuja mbio, viatu mkononi. "Mama! Mama, utanifukuzisha kazi!"

"Uliniambia haiachi hata moja."

"Shamba haliachi hata moja. Nimekudanganya nini?"

"Mashine inaacha!"

"Ni kasoro, mama!" Akafuta jasho, akapunguza sauti. "Mafundi walijaribu kuifuta hiyo tabia. Walipoifuta, mashine ikaanza kuponda machungwa. Wanasema imefungamana na mwendo wote wa mkono, ukiitoa hiyo na upole unatoka. Ikaonekana ni rahisi zaidi kutengeneza hiki kiokota kinachopita nyuma. Tafadhali, sogea. Hilo chungwa lina jina la mtu."

"Lina jina tangu wewe hujazaliwa. Linaitwa la mpita njia. Hiyo mikono unayoiita kasoro ni ya baba yangu."

Kibwana akamtazama kwa mara ya kwanza kama mtu anayemwona. Kicheko cha kazini kilikuwa kimeisha usoni. "Wewe ni mtoto wa Hezroni?"

"Ndiye mimi."

"Bibi yangu alichuma hapa," akasema taratibu. "Nyumbani kwetu jina la baba yako halitajwi. Alikufa hajamsamehe."

Mlio wa kiokota uliendelea. Yudita hakuliachia lile chungwa. Kioo-simu kilichofungwa mkononi mwake kikaanza kutetemeka. Alikuwa ni Mzee Hezroni. Alijua leo ndiyo siku.

"Umefika, mwanangu?"

"Nimefika, baba. Shikamoo."

"Marahaba. Niambie. Inaacha?"

Ilikuwa rahisi kusema ndiyo, na ingekuwa kweli. Yudita akawatazama wote wawili, Mama Ngailo aliyeshika kidevu na Kibwana mwenye viatu mkononi. Akamwomba Mungu ampe ulimi mnyoofu.

"Inaacha, baba. Kila mti. Inaligusa kama ulivyoligusa wewe." Akameza mate. "Lakini wenye shamba wametengeneza mashine nyingine. Inakuja nyuma, inayachukua."

Kwenye kioo, uso wa mzee haukubadilika.

"Kwa hiyo," Mzee Hezroni akasema, "aliyenielewa ni ile ya chuma."

Kibwana aliinamisha kichwa, akaanza kuvaa viatu vyake, akashindwa kuingiza kisigino, akaviacha.

"Na wewe, umekula?" mzee akauliza.

"Bado, baba."

"Si umesafiri? Kula."

Yudita akalichuma. Akalimenya kwa vidole akiwa amesimama palepale, maganda akiyaangusha kwenye shina kama ilivyokuwa desturi, na harufu yake ikapanda mpaka machoni. Akampa Mama Ngailo kipande. Akampa Kibwana. Kibwana alikipokea, asikile, akabaki amekishika kwenye kiganja huku bangili yake ya kazi ikiwaka nyekundu kuonyesha kwamba ofisini wameshajua.

"Mungu amzidishie mwenye mti," Yudita akasema, na hakuwa na hakika tena anamwombea nani.

Kisha ilibidi asogee. Kiokota kiliinua shingo, kikatafuta, kikakosa, kikaenda zake. Mbele yao mkono-mia ukaamka, ukashuka juu ya mti wa tatu, ukauchuma wote. Ulipomaliza ukarudisha mkono nyuma, ukaligusa chungwa moja kwenye tawi la njiani, ukaliacha, ukahama bila kutazama kinachokuja nyuma yake.