Bibi Kimya Afungiwa Mlango

Asubuhi ile mke wa mchomeleaji vyuma aliingia jikoni, akakuta mama mkwe wake ameshapanga vitu. Chupa zimesimama kwa kimo, ndefu kwa ndefu, fupi kwa fupi. Zilipendeza kweli. Ila mafuta ya taa yalikuwa bega kwa bega na mafuta ya kupikia.

Mkamwana hakutazama. Alimimina kwenye kikaango kilichokuwa jikoni. Moto uliruka hadi darini. Aliufunika kwa mfuniko, lakini nyusi moja ilikwenda na haikuaga.

Mumewe alikuja na kufuli.

"Kuanzia leo Mama anakaa chumbani. Mlango unafungwa."

"Mama yako mzazi?"

"Atatuunguza wote!"

Zamani mji mzima ulimwita mama huyo Bibi Kimya. Ndiye mwanamke wa kwanza kuongoza maktaba kuu. Akipita, hata nzi walitembea kwa miguu. Kabla yake vitabu vilikaa nyuma ya wavu wa chuma, na msomaji aliomba kupitia kidirisha. Wakubwa walisema mwanamke hawezi kazi ile, vitabu ni vizito. Juma lake la kwanza aliung'oa wavu.

Sasa yeye ndiye aliyefungiwa. Siku ya kwanza aligonga mlango. Siku ya pili aligonga kidogo. Siku ya tatu hakugonga, wala hakula. Mkamwana aliogopa, akamwita muuguzi, jirani yao.

"Kafanya nini?" muuguzi aliuliza.

"Anasahau kila kitu. Juzi kaniita mwizi."

"Shoga, huu ni ugonjwa wa ubongo. Si uchawi, si ukaidi. Mpelekeni hospitali apimwe, maana kuna usahaulifu unaotibika. Wake ukiwa ule usiopona, mtamlea."

Mchomeleaji alidakia, "Tumlee vipi, na anachoma nyumba?"

"Fungieni sumu, msimfungie mtu. Mafuta ya taa, viberiti, dawa ya panya, vyote kabatini. Bandikeni picha ya choo kwenye mlango wa choo. Msibishane naye. Na mpeni kazi anayoijua." Muuguzi alishusha sauti. "Mimi nilijisomea uuguzi kwenye meza zake. Alinifukuza mara mbili kwa kucheka."

Mchomeleaji aliinama. Kisha alitoa kufuli mlangoni, akalitia kwenye mlango wa kabati.

Hospitalini walipima, wakasema ni ule usiopona.

Walimpa Bibi Kimya vikombe na sahani. Alivipanga kila siku, akavipangua, akavipanga. Alianza kula. Nyumba haikuwaka moto tena. Lakini siku moja ya mvua alimwamkia mwanawe kama mgeni. Mchomeleaji alitoka nje, akachomelea geti ambalo halikuwa na ubovu wowote.

Siku nyingine, mchana, Bibi Kimya alimkazia macho mkamwana wake.

"Wewe nani?"

Zamani mkamwana angesema, "Mama, ni mimi, mke wa mwanao!" nao wangegombana mpaka jioni. Safari hii alivuta kiti.

"Msomaji, Mama."

"Kadi yako iko wapi?"

"Nimeisahau nyumbani."

Uso wa Bibi Kimya ulilegea.

"Kusahau kupo," alisema. "Kaa. Ila usinipigie kelele."