Marashi Kwenye Kola

Siku Mtoro alipokutana na Rukaya alimwita kwa jina la mwanamke mwingine, tena kwa sauti kubwa, katikati ya stendi ya Kibiti, saa nne asubuhi, wauza korosho wakigombania madirisha ya mabasi ya kusini.

"Semeni! We Semeni! Unanipita kama hunijui?"

Rukaya hakugeuka. Alikuwa amejifunga doti ya kanga nyekundu, wanja umemkolea, funguo za kibanda cha simu zikilia mkononi. Mara akatokea kijana mrefu mbele yake, shati limepauka kwa chumvi, anahema.

"Semeni ndiyo nani?" Rukaya akauliza.

"Samahani, dada. Nilidhani binamu yangu."

"Binamu yako ana sura hii?"

Mtoro akasogea hatua moja, halafu nyingine, akawa karibu kuliko adabu inavyoruhusu. Akafinya macho, akamtazama polepole kuanzia kwenye paji la uso mpaka kidevuni.

"Hapana," akasema. "Sura hii hana."

Rukaya hakuwa amewahi kutazamwa namna ile. Alirudi kibandani akacheka peke yake mpaka mteja akamuuliza kama simu mbovu imepona. Hakujua kwamba, kwa Mtoro, mtu aliyesimama hatua kumi alikuwa ukungu wenye rangi ya kanga. Ukungu ule mwekundu ulikuwa na urefu wa Semeni na mwendo wa Semeni, basi.

Macho yale yalikuwa na historia yake. Mtoro alizaliwa Salale, akasoma miaka saba, na miaka yote saba alichapwa kwa kunakili vibaya. Hakuna mwalimu, mkaguzi wala mgeni rasmi aliyekuja kula pilau siku ya kufunga shule aliyewahi kuuliza kama mtoto yule anauona ubao. Wakaandika kwenye ripoti kwamba ni mzito. Ukubwani akapata miwani kwenye boksi la msaada, miwani iliyochoka kwenye pua za watu wa nchi nyingine. Ikadumbukia majini Nyamisati siku ya tatu. Tangu hapo aliendesha boti ya mashine kati ya mikoko, Salale na Nyamisati, akipakia kamba wa kuuza na abiria, njia akiijua kwa kukumbuka. Alijua kona kwa harufu ya matope na kina kwa mlio wa mashine. Lakini abiria wakijua kwamba anayewashikia usukani haoni, nani atapanda? Kwa hiyo alifunga mdomo, hata kwa Rukaya walipokuwa wapenzi. Hasa kwa Rukaya.

Na Rukaya alikuwa na wivu. Tuseme wazi, maana mji mzima ulijua. Jina lile la kwanza lilimkaa kooni kama mwiba wa samaki hongwe. Alimtafuta Semeni mpaka akamwona: binti wa shangazi yake Mtoro, wanakaa nyuma ya soko, kweli wamelingana kimo. Na binamu anaolewa, tena wazazi wanafurahi.

"Umetoka wapi?" ilikuwa salamu yake kwa Mtoro.

"Nyamisati, laazizi. Lori limeharibika Mtawanya."

"Na kwa shangazi hujapita?"

"Nimepita. Nimekula wali."

"Nani kapika?"

"Rukaya, jamani! Wali ni wali."

"Nimekuuliza mpishi."

Rukaya akamnunulia kichupa cha mafuta ya kunukia, udi na mawaridi, akampa amri: usije Kibiti bila kujipaka haya. Mtoro akatii. Harufu ilimtangulia kama mpiga zumari, na wanawake sokoni wakawa wanaambiana, "Mali ya kibanda cha simu hiyo inapita."

Kibanda chenyewe kilikuwa cha Mwinjuma, baba yake mdogo Rukaya. Ilikuwa 1999. Zamani, kupiga simu ulikwenda posta ukajaza fomu na kubembeleza. Soko huria likaja, tukaambiwa kila kitu sasa ni chetu: simu, shule, dawa. Chetu kwa maana ya kukigharimia sisi. Ila kwa Rukaya lilileta jambo moja zuri: siri zote za Kibiti zilipita sikioni mwake kabla hazijafika kwa wenyewe.

Jumanne moja simu ikalia. Sauti ya kike, laini, ya mjini.

"Haloo, hapo Kibiti? Nina ujumbe wa Mtoro wa Salale. Mwambie Tabu amesema ni Alhamisi, saa tatu asubuhi."

Kalamu ya Rukaya ikasimama. "Tabu ndiye wewe?"

"Ndiyo mimi. Mwambie aoge vizuri, asipake wanja, wala marashi, wala mafuta yoyote ya kunukia. Hata kidogo. Ale chakula chepesi. Na aje na mtu, maana tukimaliza hataweza kurudi mwenyewe."

"Mkimaliza nini?"

"Yeye anajua," Tabu akasema, akakata.

Rukaya alibaki ameshika mkono wa simu mpaka ukaanza kulia. Aoge vizuri. Asipake marashi. Harufu ya nani inayomkera huyo mwanamke, kama si yangu?

Jumatano jioni Mtoro akaja, suruali imepigwa pasi, mkoba begani.

"Hakuna ujumbe wangu, kipenzi?"

"Ungetoka wapi?"

"Dar. Kuna kazi... niliambiwa nitaarifiwa masharti. Siku naijua, Alhamisi. Nilidhani kuna la zaidi."

"Hakuna la zaidi. Unakwenda na nani?"

Mtoro akapandisha mkoba begani. "Semeni ananisindikiza."

Basi Rukaya akatabasamu, na tabasamu la Rukaya la aina ile ungeliona ungevuka barabara. Akatoa kichupa kwenye mkoba wake. "Inama." Akammiminia shingoni, nyuma ya masikio, na kilichobaki akakimaliza kwenye kola. "Nenda salama, mpenzi wangu. Shati hilo ndilo ulivae kesho, usilibadilishe. Wakuone huko."

Alichokwenda kufanya Mtoro kilikuwa hiki. Madaktari wa kigeni walileta mashine ya miale kwenye kliniki moja ya binafsi Dar es Salaam, kwa wiki mbili tu. Inachonga kioo cha mbele cha jicho mpaka mtu anatupa miwani. Ililetwa kwa ajili ya wenye nyumba za ghorofa, hakuna aliyeifikiria Salale. Mtoro aliisikia redioni, akauza minazi ya urithi, akaenda kupimwa kimyakimya. Namba ya kuachiwa ujumbe alitoa ya kibanda, maana nyingine hakuwa nayo, akamwomba nesi asitaje macho.

Alhamisi, mlangoni tu, nesi Tabu akarudi nyuma. "Baba, nilisema usijipake! Mvuke wa marashi unaivuruga miale. Unataka ikuchonge upofu?"

"Sikuambiwa."

"Nilimwambia dada wa kibanda. Neno kwa neno."

Akavuliwa shati. Akaogeshwa kwa sabuni mara mbili, akavikwa gauni la kliniki, akanuswa, akarudishwa kuoga mara ya tatu. Na mstari haukumsubiri: waliokuja nyuma yake wakapita wote. Jumamosi mashine inafungwa masanduku. Semeni alikaa naye kwenye benchi mpaka baada ya alasiri, wakisikia viti vikikunjwa ndani, Mtoro akishika magoti yake mwenyewe kama mtoto anayengoja fimbo. Aliitwa wa mwisho.

Ijumaa simu ikalia Kibiti.

"Haloo, kwa Mwinjuma."

"Rukaya. Tabu alikupigia Jumanne?"

Rukaya akaitambua sauti, akaufunga mlango wa kibanda kwa mguu.

"Nakuuliza, alikupigia?"

"Tabu ni nani wako, Mtoro?"

"Ni nesi! Nimechongwa macho, Rukaya. Sioni mbali tangu nizaliwe. Siku ile stendi nilikuwa sikuoni. Nilikuficha jambo hili kwa aibu, hilo kosa langu. Lakini wewe ulijua masharti ukanimiminia chupa nzima. Nusura nirudi na macho yaleyale."

Rukaya akakaa chini, juu ya boksi la sabuni. "Unalia?"

"Machozi yanatoka yenyewe. Yanawaka kama nimetiwa pilipili, na siruhusiwi kuyafikicha."

Nyuma yake ikasikika sauti ya kike, ya karibu mno. "Mtoro, saa ya dawa. Inua kidevu."

"Huyo nani?"

"Unamjua," Mtoro akasema, na simu ikakatika.

Siku ya tano kliniki wakamtoa vioo laini alivyowekewa kufunika vidonda vya macho, akarudi Kibiti kwa shangazi yake. Boti akamwachia mwenzake. Alikatazwa maji ya mto, vumbi na moshi, na Salale, msimu wa kubanika kamba, ni moshi mtupu. Rukaya alituma salamu mara tatu. Hazikujibiwa. Kutwa alikuwa akiona kitu kimoja tu: kidole cha Semeni chini ya kidevu kile.

Wiki ya pili Semeni mwenyewe akaja kibandani, kanga moja kiunoni nyingine begani.

"Hujambo, mke mwenza?"

"Koma."

"Haya, wifi. Nipigie kliniki. Ile dawa ya macho ya chupa nyeupe inapunguzwa lini? Maana namtia mara nne kwa siku, mkono wangu ushakizoea kidevu chake."

Rukaya akapiga. Tabu akapokea. "Nani mwenzangu?"

"Ni... dada wa kibanda."

"Ahaa. Wa marashi."

Rukaya akavuta karatasi. "Nesi, nisamehe. Niambie yote. Safari hii naandika."

Akaandika. Chupa nyeupe mara nne mpaka mwisho wa mwezi, halafu tatu, halafu mbili. Asiache ghafla hata akijiona kapona. Mdomo wa chupa usiguse jicho, na anayetia anawe mikono kwanza. Asifikiche. Akilala avae vifuniko vya plastiki. Miwani myeusi juani. Uoni utakuja na kupotea kwa wiki kadhaa, asiogope. Lakini jicho likiuma upya, likiwa jekundu au likififia ghafla, apelekwe siku hiyohiyo. Akamsomea Tabu karatasi nzima tangu mwanzo, ndipo akakata.

Semeni akaipokea, akasoma, kejeli ikampungua usoni. "Umeandika mpaka nesi alipokohoa."

"Mpe. Usimwambie lolote juu yangu."

"Nitakwambia kitu wewe, usilie. Mimi ningemtaka, ningemchukua mwaka juzi. Nina mtu wangu kijijini Mkongo, na kesho nakwenda huko kuamia ndege wasiule mpunga, umezaa. Mama mkono unamtetemeka. Sasa kidevu kile nani atakiinua?"

"Nitakwenda mimi."

"Uingie chumbani kwa mwanamume kama nani?" Semeni akacheka. "Kesho njoo stendi saa nne unisindikize. Na ujifunge hii." Akavua kanga ya begani, ya kijani, akamtupia. "Ninayo doti nyingine sare yake."

Kesho yake wakasimama ng'ambo ya barabara, wanawake wawili, kimo kimoja, kijani kitupu. Upande wa pili, chini ya bati la wauza tiketi, Mtoro, aliyekuja kumuaga Semeni, alikuwa amevaa miwani myeusi na shati lisilonuka chochote. Basi likapita. Lori la mkaa likapita. Rukaya alimwona anainua uso kuwaelekea, akajiambia, akiita Semeni narudi zangu nyumbani na sitatoka tena.

"Rukaya!"

Stendi nzima iligeuka.

"Rukaya wa kijani wa kulia! Njoo hapa!"

Akavuka, wala hakutazama magari. Akasimama mbele yake, kichwa chini. "Nisamehe, Mtoro."

"Unisamehe na mimi. Nilikupa fumbo la Tabu wakati nakujua ulivyo."

"Umetujuaje, na tumevaa sare?"

"Semeni alikuwa anacheka," Mtoro akasema. "Wewe ulikuwa umenuna. Rukaya, toka huku, ng'ambo ya barabara, nimekuona umenuna! Mdomo huo nilikuwa nausikia tu kwenye sauti."

Akamwekea kiganjani kichupa cheupe, kidogo, hakina harufu.

"Mara nne kwa siku, na karatasi umeiandika mwenyewe. Shangazi anasema asiye mke wangu haingii kwangu. Jioni hii anakwenda kuposa kwa mzee Mwinjuma."

Rukaya akakifunga kichupa ndani ya ngumi. "Na nani alikuwa anakutia asubuhi ya leo?"

"Rukaya..."

"Nimekuuliza. Nani?"

"Semeni."

"Alinawa mikono?"

Mtoro akacheka, machozi yakamlenga, akainua mkono kuyafuta. Rukaya akaudaka mkono ule hewani, mbele ya mabasi yote ya kusini, na hakuuachia.