Mjomba Fred wa Poplar

Jumamosi soko la Poplar hufurika watu, na siku hiyo mvua ya London ilikuwa imeyalowesha mawe yakateleza kama sabuni. Imogen Sallis alikanyaga jani la kabichi mbele ya meza ya Stan Prewett. Koti lake la rangi ya haradali likapepea, miguu ikamponyoka, na kama si mkono wa Stan angejilaza juu ya viazi.

"Pole, bibie," Stan alisema, bado amemshika. "Hivi ni vya kuuza, si vya kulalia."

Imogen akacheka. Kicheko hicho ndicho kilichommaliza Stan, mwanamume aliyekwisha kuachwa na mke mmoja na kujiapiza kwamba hanaswi tena.

Imogen alikuwa akikusanya maneno ya mtaani kwa ajili ya kamusi ya chuo, akawa anarudi kila Jumamosi. Stan akamfundisha kwamba ngazi huitwa matufaha na mapeasi, simu ni mbwa na mfupa, kwa kuwa tu katika Kiingereza chao vina vinalingana. Mkate, yaani 'bread', ni Mjomba Fred. Imogen alikielewa kina hicho; alichotaka kujua ni huyo Fred alikuwa nani.

Sasa, sokoni pale pana desturi ya tangu enzi za mababu. Mgeni akiuliza asili ya neno, hupewa uongo kwa uso mkavu, na meza za jirani hupaswa kuutia chumvi. Anayefichua huitwa msaliti hadi aote mvi.

Stan akajibu kwamba Fred alikuwa mwokaji wa kando ya mfereji, aliyewagawia wajane mkate wakati wa vita. Noreen, muuza samaki wa meza ya pili, akadakia bila kupepesa jicho kwamba marehemu alichechemea mguu wa kushoto, na kwamba yeye mwenyewe utotoni alibebwa mgongoni kwake. Imogen machozi yakamlengalenga. Fred hakuwahi kuzaliwa.

Mapenzi yao yakakolea upesi. Walikula pai na viazi vya kuponda, walitembea kando ya mfereji mikono imeshikana, na Imogen alikuwa akisimama na kuuliza kiwanda cha Fred kilikuwa upande gani. Stan alionyesha popote. Kila mara alitaka kusema, na kila mara aliuona uso ule umechangamka, akaghairi.

Asubuhi ya mkutano wa wataalamu wa lugha, ambako angetoa mada kuhusu maneno ya mtaani, Imogen alimpigia simu.

"Stan mpenzi, mada yangu naifungua na Mjomba Fred. Kuna lolote hukuniambia?"

Hapo ndipo mlango ulipokuwa wazi. Stan alitazama karoti zake.

"Vaa lile koti la haradali," alisema. "Linakupendeza."

Mzaha mzaha, hutumbuka usaha. Mzee mmoja ukumbini aliomba kwa upole kuonyeshwa kaburi la Fred, au jina lake popote. Kicheko kikaanzia nyuma kikafika mbele. Baada ya wiki chache chuo kilimwambia Imogen kwamba kamusi itaendelea bila yeye.

Hakupokea simu za Stan. Akapata kazi katika mji wa mbali wa Leeds, na siku ya kuondoka akapita sokoni, begi mkononi, kwa sababu moyo nao una ukaidi wake.

"Nimekuja kusikia neno moja la kweli," alisema. "Ukinipa, hata hili begi nitaliweka chini."

Stan alivua kofia. Kwa mara ya kwanza maishani hakuwa na utani.

"Fred nilimtunga. Niliogopa kukuambia usije ukaniacha, na niliogopa hawa wa sokoni wasije wakaniita msaliti. Lakini wewe sikukutania hata siku moja. Nakupenda, Imogen. Nataka uwe mke wangu. Sijamwambia mtu hivi tangu mke wangu aondoke."

Vidole vya Imogen vililegea kwenye mpini wa begi.

Noreen alikuwa akisikia yote. Alimpenda Stan kama mdogo wake, na aliona kijana wa watu anazama. Akafuta mikono kwenye aproni, akageuka na uso mkavu kabisa.

"Kweli tupu, mwanangu," alisema. "Analia kila usiku huyu. Mimi nimemwona kwa macho yangu."

Imogen akamtazama Noreen, kisha Stan, kisha Noreen tena: uso ulikuwa ule ule wa siku ya Fred. Vidole vikakaza.

"Asante, mama," alisema kwa heshima. Akainua kola ya koti na kwenda zake kituoni, akikanyaga kwa uangalifu.

"Jamani, nimekosea wapi?" Noreen aliuliza. "Si unalia kweli?"

"Nalia," Stan alisema, akavaa kofia na kumpimia mteja vitunguu.