Mwenye Picha Ajitokeze

Faili la kompyuta halinuki. Mtafuta-picha alilijua hilo vizuri, ndiyo maana asubuhi ile, alipofungua kipande cha filamu ya kituo cha treni na chumba kikajaa harufu kali ya siki, ile ya mikanda ya zamani ikioza, alikasirika kabla hajaogopa. Mkanda wenyewe ulishaharibika na kutupwa zamani. Kilichobaki duniani ni nakala aliyokuwa nayo.

Kazi yake ilikuwa kuwatafutia watengeneza filamu picha za kale, na ni kazi isiyo na asante. Ghala hili la filamu linakwambia kaulize lile, ukienda lile unaambiwa mhusika yuko likizo. Kipande hiki kilimtoa jasho kuliko vyote, kwa sababu katika umati wa abiria shangazi yake alimtambua, kwa bega lililoinama, bibi yake huyu mtafuta-picha, mzaa baba, aliyekufa bila kuacha hata picha moja. Na baba yake, mzee wa watu, macho yalikuwa yanazimika. Alichoomba ni kumwona mamaye mara moja tu kabla ya giza, na bintiye alimwahidi.

Tatizo lilikuwa moja: mwenye filamu hakujulikana, na bila ruhusa yake haitumiki. Desturi ya kazi ni kutangaza gazetini. Basi akaandika, roho ikiwa juu: Mwenye picha hizi, yeyote awaye, popote alipo, ajitokeze.

Wa kwanza kuona badiliko alikuwa mhariri wa filamu, mwenzake wa ofisini.

"Dada, umenitumia kipande kingine? Juzi huyu mama alikuwa ametupa mgongo."

"Ni kilekile. Usinichoshe."

"Basi njoo utazame."

Akatazama, mchana kweupe, na feni inazunguka: abiria wote walikuwa wakiiendea treni, na yule mmoja alikuwa amegeuka, amesimama kinyume cha watu, na macho yake hayakumwangalia mpiga picha bali yeye, akisogea kushoto yanamfuata, akiinama yanashuka naye, mpaka mhariri akanong'ona kwamba hata yeye anatazamwa, tena kwa wakati uleule.

Mganga aliyepelekewa habari alikuwa mama mmoja muuza vitambaa. Alisikiliza huku akikunja vitambaa vyake.

"Ulipotangaza, ulimtaja mtu?"

"Nilisema yeyote."

"Mwanangu, yeyote ni wengi." Akaacha kukunja. "Huyo si bibi yako. Amevaa mgongo wa bibi yako. Mwambie arudi alikotoka, kisha ungoje akupe mgongo, ndipo ufute. Usifute kabla hujauona mgongo."

Alirudi ofisini na simu ya mwongozaji wa filamu, mteja wake, inamlilia mfukoni, anakidai kipande chake tangu jana. Akafungua faili, akasema kwa sauti ndogo, "Tafadhali rudi." Umati ukapita. Pale aliposimama yule mwanamke palikuwa patupu, lakini abiria bado walipapisha, wakipazunguka.

"Kaondoka," alisema.

"Mgongo umeuona?" mhariri aliuliza.

"Nimechoka, kaka. Miezi yote hii, halafu hata cha kumwonyesha mzee sina."

Akafuta nakala zote, akalia kidogo kwa uchungu, akaenda nyumbani kumwambia baba yake ukweli.

Alimkuta sebuleni, amekaa wima kama kijana, anatabasamu. Mkono wake ulikuwa juu ya kiti cha pembeni, na ngozi ya vidole ilikuwa imebonyea, kama ya mtu aliyeshikwa kwa nguvu.

"Umechelewa," mzee alisema. "Mama yuko hapa tangu asubuhi."

"Baba, hapo hakuna mtu."

"Punguza sauti. Namwona vizuri kuliko ninavyokuona wewe." Akainamisha kichwa kukielekea kile kiti, akasikiliza, akaitikia polepole. "Anauliza kwa nini umeufunga mlango aliotokea. Alikuwa amekuja kunisalimu tu. Anasema haidhuru, sasa atakaa."